Mpiga Kengele na Siku ya Kutotumwa

Mpiga Kengele hakuwa mtu wa kupendeka kirahisi, na ninalisema hilo mapema ili waliomfahamu wasije wakaniona mwongo. Tangu sijazaliwa bibi huyu ndiye aliyekuwa akipiga kengele ya kanisa letu la Kilutheri, upande wa Bweranyange. Kengele yenyewe ilikuwa rimu ya lori iliyoning'inizwa kwenye nguzo, naye aliigonga kwa kipande cha nondo alichokificha chini ya kitanda chake asije mtu mwingine akajaribu. Akishagonga mara ya tatu, amemaliza. Ukiingia baada ya hapo anakutazama kuanzia miguuni hadi kichwani, kisha anatazama saa yake ya mkononi. Saa ile ilikuwa imesimama. Wazee wa kanisa walijua, mchungaji alijua, na hakuna aliyethubutu kumwambia.

Tulimzika mwaka huu, kabla ya mvua za masika. Wasifu wake ulisomwa vizuri kabisa: alizaliwa wapi, alibatizwa lini, aliacha watoto wangapi na wajukuu wangapi. Sitarudia hayo. Nilisimama nyuma pale kwenye migomba nikisubiri wasome habari za siku yake, wakamaliza, wakafunga karatasi, wakaanza kuimba. Niliumia. Nimeamua kuiandika mwenyewe.

Kwanza mjue kwamba alikuwa mtumaji. Mtu akipita njia ya mbele ya nyumba yake hakupita bure. "Wewe, mtoto wa fulani, niletee maji." "Wewe, ukifika dukani waambie chumvi yangu iko wapi." Hakusema tafadhali, hakusema asante. Nilimwona kwa macho yangu akimtuma mwenyekiti wa kitongoji kuni, mtu mzima mwenye koti na mafaili kwapani, naye mwenyekiti akaweka mafaili chini akaenda. Mama yangu alikuwa akisema yule bibi angezaliwa mwanamume angekuwa mkuu wa mkoa, na sisi sote tungekuwa tunalima barabara.

Sasa mtu huyohuyo alikuwa na siku moja katika mwaka ambayo hakumtuma mtu yeyote kitu chochote. Wala hakuruhusu mtu amtume mwenzake ndani ya kibanja chake, yaani nyumba na shamba lake la migomba, toka kulipokucha mpaka jua lilipozama. Ilikuwa sikukuu yake, ya kukumbuka siku ambayo bibi yake aliondoka utumwani. Haikuwa na jina. Haikuwa na tarehe pia, na hapo ndipo shida ilipoanzia.

Habari yenyewe aliisimulia kila mwaka kwa maneno yaleyale, ameketi, mikono juu ya magoti. Bibi yake aliletwa huku Karagwe akiwa mtoto mdogo, enzi za misafara ya pembe za ndovu, akaachwa katika nyumba ya mtu mkubwa kwa kubadilishwa na vitambaa. Kwao hakukukumbuka. Mwanamke wa namna hiyo huku walimwita muzana: anapika, anateka maji, analea watoto wa wengine, na hana siku anayoamka bila kutumwa. Shuleni tulifundishwa kwamba utumwa ulikomeshwa na sheria ya wakoloni, na mimi nikiwa darasa la tano nilijitia ujuzi nikamwambia hivyo. Akaniangalia kama mtu aliyechelewa ibada.

"Hiyo karatasi ilifika kwa wakubwa," akasema. "Jikoni kwa bibi yangu haikufika."

Asubuhi moja ya Novemba senene walianguka. Mtu asiye wa Kagera nimweleze: senene ni wadudu wa kijani, jamaa ya panzi, wanakuja na mvua za vuli, usiku wanashuka na alfajiri unawakuta wamejaa kwenye nyasi. Nyumba nzima inatoka na vikapu. Zamani wanawake waliokota tu. Kula ilikuwa kazi ya wanaume. Basi yule bibi yake akatumwa senene pamoja na wengine, akaokota mpaka kikapu kikajaa, akaanza kurudi. Njia ilifika mahali ikagawanyika. Mkono wa kulia ni kule anakotumika.

"Hapa akasimama," Mpiga Kengele alikuwa akisema, naye ananyamaza. Kila mwaka alinyamaza palepale, mpaka sisi watoto tunaanza kusogeza miguu. Kisha anaendelea: akashika mkono wa kushoto.

Alitembea mpaka alasiri. Njaa ilipomshika alikula senene wale, wabichi, akiwavua mabawa mwenyewe, yeye ambaye hakuwahi kuonja hata mmoja. Akafika kilima hiki chetu, kwenye boma la mtu aliyekuwa akitengeneza ugo. Yule mtu alimwona mwanamke mgeni na kikapu, akauliza kama ambavyo mtu yeyote angeuliza: "Nani kakutuma?"

Yule bibi akatua kikapu chini. Maisha yake yote swali hilo lilikuwa na jibu. Akasema, "Nimekuja mwenyewe."

"Basi kaa," yule mtu akasema.

Akakaa. Mambo ya kuolewa na kuzaa yaliyofuata Mpiga Kengele hakuyasimulia, alisema hayo hata kuku wanayo. Habari iliishia kwenye kukaa.

Siku ya sikukuu, kwa hiyo, ni siku ambayo senene wa kwanza wa vuli wanaanguka. Ukifika mlangoni kwake anakuuliza, hata kama ulilala nyumba ya pili: "Nani kakutuma?" Unajibu, "Nimekuja mwenyewe." Anasema, "Basi kaa." Ndani ametandika nyasi mbichi sakafu nzima kama Krismasi. Kuna sufuria ya ndizi na maharage, kuna kahawa ya kutafuna kwenye kijungu, kuna senene wa kukaangwa, na wanawake wanachota kwanza. Kila mtu anajipakulia. Kila mtu anajitekea maji, anaosha sahani yake. Mtoto mchanga peke yake ndiye aliyeruhusiwa kutuma watu, na Mpiga Kengele alisema yule naye asijisahau, zamu yake ya kujitekea inakuja.

Sisi watoto tulikuwa tunaipenda kupita kiasi. Siku hiyo ukiambiwa "lete kile kigoda" unajibu "leo situmwi", na mtu mzima anainuka kukifuata. Mzee mmoja jirani, Mungu amrehemu, alikaa tangu asubuhi mbele ya sufuria akisubiri mtu ampakulie. Hakuwahi kushika upawa maishani mwake na hakutaka kuanzia kwa watu. Jua lilipozama tu akamwambia mkewe kwa sauti ya kilio, "Nipe sasa, jua limeingia." Mkewe alicheka mpaka akakaa chini, na alichelewesha kupakua kwa makusudi kabisa.

Nikiwa mdogo nyumba ilijaa. Walikuja majirani wa kanisani, na zaidi walikuja wale wa asili ya Rwanda na Burundi waliokuwa wakilima vibarua kwenye kahawa za watu. Hao walikuja mapema kuliko wote. Nadhani hawakuhitaji kuelezwa sana. Nakumbuka mama mmoja aliyeketi kwenye zile nyasi mchana kutwa, amenyoosha miguu, hafanyi chochote. Kila mara alikuwa akiitazama miguu yake na kutabasamu.

Halafu watu wakapungua. Sababu ni nyingi na Mpiga Kengele mwenyewe ni mojawapo, sitamficha. Kwa kuwa siku hiyo haruhusiwi kutuma mtu, hakuweza kumtuma mtu kuwaita watu. Wala kengele hakuigonga, maana kengele nayo ni kuwaita. Fikirini mtu ambaye kazi yake mwaka mzima ni kukusanya kijiji kizima kwa kipande cha nondo, na siku yake mwenyewe anakaa mlangoni kimya akisubiri mtu akumbuke. Uone senene mwenyewe, ukumbuke mwenyewe, uje mwenyewe. Zamani ilikuwa rahisi, senene wakianguka kila mtu anajua. Siku hizi kuna wanaotega kwa taa na mabati, wanawanasa hata kabla hawajatua kwenye nyasi, unawakuta wameshakaangwa sokoni Omurushaka na hujui walianguka lini wala wapi.

Simu zilipokuja nilidhani tumepona. Nikamwambia, "Bibi, siku ikifika si unibipu tu?"

"Simu ni nini?"

"Ni ya kuongea tu, Bibi."

"Ni ya kutuma. Unatuma sauti, mtu anaacha shughuli zake anakuja mbio. Hapana."

Mchungaji mmoja, mtu mwema, aliipenda sana ile sikukuu. Akataka iingie kwenye kalenda ya usharika: Jumapili maalumu ya Novemba, kwaya tatu, mgeni rasmi, kitambaa cha maandishi kwenye mlango wa kanisa. Wazee walikubali kwa shangwe. Mpiga Kengele akasikiliza mpaka mwisho, akauliza swali moja.

"Huyo mgeni rasmi, ataalikwa kwa barua?"

"Bila shaka, Bibi. Kwa heshima zote."

"Basi atakuwa ametumwa na barua," akasema, akatoka nje kwenda kutazama mbuzi wake.

Nilimkasirikia siku ile. Angekubali, watu wangejaa, na leo kungekuwa na wa kusoma habari zake kaburini. Lakini ukaidi wake ulikuwa na upande mwingine, ambao niliuona kwa nyasi. Novemba ikianza, kwa kuwa hakujua siku, alikuwa akikata nyasi na kuziweka rundo karibu na mlango, tayari. Baada ya siku mbili zimekauka, anazitupa kwa mbuzi, anakata nyingine. Hivyo hivyo mpaka senene waje. Miaka ya mwisho alikuwa akikata nyasi za kutosha chumba kizima, na waliokuwa wakija ni watu watatu, kisha wawili. Kila nilipopita njiani nikaona rundo la kijani mlangoni pake nilikuwa najisikia vibaya, nikawa najifanya nina haraka.

Alikuwa na mtoto wa kiume huko Kyerwa, wilaya ya jirani, mnunuzi wa kahawa, mtu wa heshima zake. Huyo alikoma kuja siku ile tangu alipoposa. Ilisemekana upande wa mwanamke mtu aliuliza kama ni kweli bibi wa mama wa kijana alikuwa muzana, na kama ni kweli kwamba mama mtu analifanyia sherehe jambo hilo. Kijana akaja kumwomba mama yake aache, walau mwaka ule mmoja.

"Akaniambia, mama, watu wanaficha mambo kama hayo, wewe unayapikia ndizi," Mpiga Kengele alinisimulia. Alisimulia kwa sauti ya kawaida, anamenya ndizi. "Nikamwambia, mwanangu, walioficha ni wale waliomtuma. Mimi nifiche nini?"

Mwana aliendelea kuja Krismasi, na godoro, na sukari, na blanketi. Hakukosa hata mwaka mmoja. Ila siku ya senene hakuja.

Na mimi? Mimi nilikaa miaka kumi na saba bila kwenda.

Nitaeleza kwa nini, ingawa sipendi. Mama yangu hakuwahi kufurahi nilivyoipenda siku ile. Nilipokuwa mdogo nilimjibu "leo situmwi" akanizaba kofi, na mwaka uliofuata akanikataza kwenda. Nikaenda kwa kupitia migombani. Sikumwelewa mpaka nilipofika miaka ishirini, siku tulipokuwa tunagawana shamba la marehemu babu. Wazee wa ukoo walikuwa wanataja vibanja vyetu vya zamani, vya ng'ambo ya kilima, kabla babu hajanunua huku na kuhamia. Mmoja akataja njia panda. Akasema kwa kicheko, kama mtu anayesimulia habari ya mbuzi aliyepotea, kwamba palepale ndipo babu wa babu alipopoteza muzana na kikapu kizima cha senene.

Wote wakacheka. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimeketi kwenye zile nyasi tangu utoto nikisikiliza habari ya nyumba ya mtu mkubwa, nikiichukia nyumba ile, na nyumba ile ilikuwa kwetu. Yule aliyeshika mkono wa kushoto alituacha sisi. Novemba iliyofuata senene walianguka nikabaki kitandani nimejifunika shuka. Baadaye nikahamia Omurushaka, nikafungua chumba cha cherehani, nashona sare za shule, na kila mwaka nikapata sababu.

Miaka mitatu iliyopita Mpiga Kengele alikuja dukani kwangu kushonewa gauni. Alikuwa amezeeka kwa ghafla. Kanisani walikuwa wamenunua spika, kengele inatoka kwenye kaseti ya kisasa, sauti ya shaba kama ya mjini, na ile rimu ya lori wakaishusha. Nikampa pole.

"Sasa kengele inajipiga yenyewe," akasema. "Na watu wanachelewa wanavyotaka."

Nikampima mabega. Alikuwa amebaki mifupa. Nikawa nimeshika utepe kwenye mgongo wake, sioni uso wake, ndipo aliposema, "Najua kwa nini huji."

Nikaupima tena mgongo uleule.

"Unadhani sikujua nyinyi ni watu wa wapi? Nilijua tangu babu yako alipohamia. Wewe ulipokuja mara ya kwanza una miaka sita, nilikuuliza nani kakutuma, ukasema umekuja mwenyewe. Nikalala siku ile nimefurahi kuliko siku zote. Mtoto wa nyumba ile, kaja mwenyewe."

Niliona haya, machozi yakanitoka, nikajifanya natafuta chaki.

"Sikuiti," akasema. "Siwezi kukuita, unajua. Nakuambia tu kwamba pale pako karibu na mafiga hapajakaliwa na mtu."

Nilimwahidi kwa mdomo huu kwamba mwaka ule nitakwenda. Senene walipoanguka nilikuwa na oda ya sare za shule nzima. Mwaka uliofuata nilikuwa na homa, ya kweli kabisa, lakini nilifurahi kuipata, na hilo ndilo linaloniuma.

Novemba iliyopita, asubuhi na mapema, simu yangu ikaita. Alikuwa mwanawe, kutoka Kyerwa.

"Shikamoo dada," akasema, maana nimemzidi miezi michache na ana adabu. "Senene wameanguka."

Nikakaa kitandani. "Umejuaje?"

"Najua kila mwaka," akasema. "Mama miguu imevimba, jana wamemwandikia dawa hospitali ya Nyakahanga, ziko kwa mwenye duka la dawa hapo Omurushaka. Yuko peke yake, na leo hatamtuma mtu hata akifa. Nakuomba, dada. Nenda umpelekee."

Nilichukua dawa, nikapanda bodaboda. Njiani kulikuwa na ukungu, na watoto wako kwenye nyasi na ndoo na vikapu, wanapiga kelele. Moyo wangu ulikuwa mwepesi. Nilikuwa nakwenda, hatimaye, baada ya miaka kumi na saba, na lile jibu nilikuwa nalifanyia mazoezi nyuma ya mwendesha bodaboda kama mtoto wa kipaimara.

Mlango ulikuwa wazi. Rundo la nyasi halikuwepo nje, kwa hiyo nikajua ameshatandika. Alikuwa ameketi kwenye kigoda akitazama mlango, miguu imetuna kama ya mtu mwingine, amevaa lile gauni nililomshonea. Sufuria ilikuwa kwenye mafiga. Hapakuwa na mtu hata mmoja.

Hakunisalimu wala hakusubiri shikamoo yangu.

"Nani kakutuma?"

Jibu lilikuwa mdomoni. Na mfuko wa dawa ulikuwa mkononi. Ningeweza kusema lile neno, angeniambia kaa, ningekaa, na nani angejua? Lakini alikuwa ananitazama vile alivyokuwa akiwatazama wachelewaji, na nikaona siwezi kumdanganya kwa neno hilo, mimi hasa, mtu wa nyumba ile.

"Nimetumwa na mwanao, Bibi," nikasema. "Nimeleta dawa."

Aliinamisha kichwa.

"Alijuaje kama ni leo?"

"Anasema anajua kila mwaka."

Hapo akageuza uso akatazama ukutani. Kisha akajifuta macho kwa kiganja, akarudi kuwa Mpiga Kengele.

"Weka dawa hapo kwenye meza. Mshukuru aliyekutuma. Kazi uliyotumwa umemaliza."

Nikaweka. Nikasubiri. Hakusema kaa. Nikatoka nje nikiwa na hasira, machozi yananitoka, najiambia huyu bibi ni mgumu kama rimu yake, mtu ametoka Omurushaka na ukungu wote huu. Nikafika kwenye ugo. Mwendesha bodaboda alikuwa anafuta kiti.

"Tunarudi, dada?"

Nikashika ule ugo nikasimama. Kutoka pale niliweza kumwona kupitia mlangoni, mwanamke mmoja kwenye chumba kilichotandikwa nyasi za watu thelathini. Ndipo nikaelewa kwamba asingeniita. Hata akitaka kwa moyo wake wote, leo asingeweza kusema rudi, maana kusema rudi ni kunituma. Alikuwa amenipa kila kitu isipokuwa hilo neno, na neno hilo nilipaswa kujipa mwenyewe.

Nikafikiria njia panda. Miaka yote nilidhani yule bibi aliposimama pale na kikapu chake alikuwa anaogopa kufuatwa. Sasa nilidhani pengine alikuwa anasubiri mtu amwambie aende, kushoto au kulia, na hapakuwa na mtu.

"Nenda kaka," nikamwambia mwendesha bodaboda. "Usinisubiri."

"Utarudije?"

"Nitajua mwenyewe."

Niliokota senene kidogo kwenye nyasi za kando ya ugo, kiganja kimoja tu, nikawakunja kwenye pindo la khanga. Nikarudi. Alisikia hatua zangu kabla hajaniona, nikamwona ananyoosha mgongo na kupanga mikono juu ya magoti. Nikasimama mlangoni kama mgeni.

"Nani kakutuma?" akauliza. Sauti ilikuwa ya chini mno.

"Nimekuja mwenyewe, Bibi."

Alinitazama sana. Halafu akatazama saa yake iliyosimama, akaitikia kwa kichwa kana kwamba nimewahi.

"Basi kaa," akasema.

Nikapita mbele yake, nikakaa pale pangu karibu na mafiga. Nyasi zilikuwa mbichi bado, zina umande, na kwa miguu ile sijui alizikataje.